Jivu la Wenyewe

Bakuli la kwanza lilitoka motoni likiwa na kiganja.

Kiganja cha mtoto, vidole vimetanuka, kizima hakizidi kifuniko cha birika. Sehemu nyingine zote bakuli lilikuwa linang'aa kijani, kijani kile cha embe bichi alichokisumbukia tangu Kibogoyo yuko tumboni, lakini pale ubavuni kioo kilikuwa kimekataa kushika, udongo umebaki mtupu na mkavu kama kidonda kilichopona vibaya. Mama Kibogoyo aligeuza bakuli, akaligeuza tena, akatazama juu kwenye mabati kama mtu mwenye swali moja tu la kumuuliza Mungu.

"Wewe!" alifoka. "Nimekwambia mara ngapi usiguse vyombo vya mama?"

Kibogoyo alikuwa amekaa mkekani anatafuna pete ya udongo. Hajatimiza mwaka, hana jino hata la kusingiziwa, na jina lilitoka hapo. Alimtazama mama yake, akamchekea kwa ufizi mtupu.

Hasira gani itakaa mbele ya ufizi ule? Ilihamia kwenye bakuli. Maana kazi yenyewe haina huruma. Unafinyanga, unakausha, unachoma mara ya kwanza, chombo kinatoka kigumu lakini bado kinakunywa maji kama kimetoka jangwani. Ndipo unakitumbukiza kwenye uji wa kioo: unga wa mawe, udongo mweupe na jivu, vimechekechwa na kukorogwa na maji mpaka viwe kama uji wa mgonjwa. Unakirudisha motoni. Uji unayeyuka, unageuka ngozi ya kioo. Lakini una maringo uji huo! Ukishika chombo kwa mkono wenye mafuta kabla ya kukitumbukiza, pale uliposhika uji hautanasa, na aibu yako utaiona baada ya moto, siyo kabla. Kwa hiyo alijua kilichotokea, au alidhani anajua: mtoto kapakwa mafuta baada ya kuoga, mtoto katambaa, mtoto kagusa. Kesi imekwisha.

Ila siku ile ya kutumbukiza, Kibogoyo alishinda kwa bibi yake mzaa baba. Hilo alilikumbuka baadaye akiwa anafua nepi. Akaacha kufua, mikono ndani ya povu, kisha akaendelea. Nepi hazijifui.

Banda lake la kazi lilikuwa nyuma ya nyumba, na tanuri lilikuwa pipa lililopangwa matofali kwa ndani, linatumia gesi, alilojengewa na mumewe, fundi makufuli, mtu wa maneno machache na funguo nyingi. Jikoni nako gesi. Nyumba nzima haikuwa na jivu hata la kusugulia sufuria, na hapo ndipo shida ilipoanzia.

Mama yake mzazi, aliyemfundisha kazi, alikuwa na sharti moja: jivu la uji wa kioo litoke kwenye jiko lako mwenyewe. Hakueleza kwa nini. Mkubwa akishasema kasema. Mama Kibogoyo alidhani ni mambo ya ubora tu, kuni hizi na kuni zile. Kwa hiyo mwenye mgahawa mpya wa pale kona alipoagiza mabakuli, vikombe na mitungi ya mafuta, vyote vya kijani, viwe tayari kabla hajafungua milango, mfinyanzi alibeba ndoo akapenya kwenye ufa wa ukuta wa nyuma, akaliendea jiko la matofali la mwoka mikate aliyehama zamani. Kimlango cha chuma kilishikwa na kutu, akakifungua kwa teke na matusi madogo. Ndani kulikuwa na jivu jeupe, laini kama poda, limelala bila alama hata ya mjusi. Na lilikuwa vuguvugu. Jua hilo, alijiambia, akachota ndoo ikajaa.

Jivu huoshwa kwa maji baridi. Unaliacha litulie, unamwaga yale maji makali yanayochoma mikono, unaongeza mengine, siku nenda siku rudi. Sasa siku hizo yeye angezitoa wapi? Akachemsha maji. Ilikuwa adhuhuri, jua la utosi, na Kibogoyo alikuwa analia tangu alfajiri kwa ajili ya ufizi, kile kilio cha kukata kama msumeno, ukimbeba analia, ukimweka chini analia, ukimnyonyesha anang'ata halafu analia yeye. Mama mtu alisimama juu ya ndoo na birika linalotokota mkononi, akaupigia kelele ukuta, akayapigia mabati, akampigia yeyote:

"Jamani! Hakuna wa kunichukulia huyu mtoto?"

Akamwaga.

Jivu likapiga ukelele. Mwembamba, mfupi, kama birika linaloanza kuimba, ila birika lilikuwa mkononi mwake na lilikuwa limekwisha. Hapo hapo Kibogoyo akanyamaza, ghafla, kama redio iliyokatikiwa umeme. Mama yake akafumba macho, akaunywa ule ukimya kama maji ya barafu. Alishukuru, maskini.

Na kwa jivu hilo alikoroga uji. Kabla ya chombo chochote, aliujaribu kwenye pete ndogo ya udongo, kama wafanyavyo wafinyanzi kuona rangi. Ilitoka safi, laini kama tunda, haina doa. Mtoto akainyooshea mkono, mama yake akaifunga kamba isije ikamezwa, akampa atulize ufizi. Ndiyo hiyo aliyokuwa anaitafuna.

Mabakuli ya mwanzo yalipotoka na kiganja kimoja kimoja, alikuwa tayari kuyavunja kwa hasira, lakini mwenye mgahawa alipita akayaona, akashika kiuno.

"Hii ndiyo sanaa sasa! Mkono wa mtoto! Dada, usiguse kitu, nayachukua hivi hivi."

"Ni makosa hayo, kaka."

"Basi endelea kukosea."

Akayabeba, akafungua milango bila kungoja vyombo vingine. Mama Kibogoyo alibaki mlangoni hajui acheke au alie. Mtu unajitesa upate kitu kisicho na doa, halafu unasifiwa kwa doa.

Awamu ya pili ilikuwa ya mitungi ya mafuta, tumbo nene, shingo nyembamba. Mara hii aliosha mikono mpaka ngozi ikakunjamana, akamfungia Kibogoyo chumbani na bibi yake, akavishika vyombo kwa koleo. Tanuri lilipopoa akatoa mtungi wa kwanza. Safi! Wa pili. Safi! Akaanza kuimba. Akachukua tochi kuangalia ndani, maana ndani nako lazima uji ufike, na wimbo ukamfia mdomoni.

"Baba Kibogoyo! Njoo uone."

Mumewe alikuja na kipande cha waya mdomoni, maana alikuwa anatengeneza kufuli. "Nini tena? Kiganja?"

"Kiganja. Lakini kiko ndani."

"Si uliingiza mkono."

"Nipitishe wapi? Hebu pitisha wako."

Fundi makufuli akajaribu. Kidole gumba kikaingia, kikakwama. Wakavuta. Kikakataa. Mama Kibogoyo, pamoja na machungu yake yote, akaanza kucheka. "Mtu anafungua makufuli ya mtaa mzima, mtungi umemshinda!"

"Lete sabuni."

"Subiri kwanza niwaite majirani."

"Lete sabuni," alisema tena, na safari hii kwa kunong'ona. Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. "Mama Kibogoyo. Kuna kitu kimenishika kidole."

"Shingo ya mtungi hiyo."

"Shingo haibani halafu ikaachia, halafu ikabana. Kimenishika kama... kama anavyonishika Kibogoyo akitaka kulala."

Alikosa subira ya sabuni. Aliupiga mtungi ukutani. Vipande vikaanguka, na ndani hamkuwa na kitu, ila kwenye gumba lake palikuwa na mstari mwekundu kuzunguka, mwembamba kama uzi. Walitazamana. Kisha akarudisha waya mdomoni akasema, "Hewa tu. Moto huwa unavuta hewa." Lakini tangu siku ile hakuingia bandani bila kupiga mluzi, na mke akimuuliza anasema koo linamwasha.

Mtu wa namna hiyo unamfanya nini? Unamwambia unaogopa, anakuletea kufuli jipya la banda.

Halafu vyombo vikaanza kuimba. Hilo nalo lina maelezo yake: kioo kipya kikipoa hunywea kuliko udongo, kinapasuka nyufa za nywele, na kila ufa unalia *ting*. Mfinyanzi akisikia *ting, ting* siku ya kufungua tanuri anajua vyombo vinapumua. Lakini hivi vilikuwa vimekwisha poa zamani, vimepangwa rafuni, na vilikuwa vinalia tu pale Kibogoyo alipoongea. Mtoto anasema "ba-ba-ba," rafu inajibu *ting-ting-ting*. Mtoto anacheka, rafu nzima inatetemeka. Mtoto ananyamaza, kimya. Mama mkwe, mwanamke mkavu aliyewahi kuwa mkunga na hakuna kilio asichokijua, alisikiliza hayo mara moja tu akafunga mlango wa banda taratibu, kama anavyofunga mtu chumba cha mgonjwa.

"Mwanangu," alisema, "hiyo kazi iache."

"Mama, bado vikombe tu."

"Nimesema tu."

Vikombe vilitoka na viganja viwili viwili, kimoja juu ya kingine, kwa ndani. Alivipanga mezani kwa mpangilio aliovitoa nao tanurini, akilini anahesabu hasara, ndipo akaona. Kwenye kikombe cha mwanzo viganja vilikuwa chini, karibu na kitako. Kwenye kilichofuata vimepanda kidogo. Kinachofuata, vimepanda tena. Na kwenye kikombe cha mwisho hapakuwa na viganja. Palikuwa na vidole tu, vidogo, vimejipinda juu ya mdomo wa kikombe, kutoka ndani kuja nje, kama mtu aliyekuwa anapanda ukuta na sasa amefika juu.

Hakupiga kelele. Alichoka kiasi kwamba jambo la kwanza alilowaza ni kwamba itabidi arudie vyote.

Alianza kurudia mchana wa siku iliyofuata. Kibogoyo alikuwa amelala chumbani, mlango wazi, na yeye bandani anakoroga uji kwa mkono, akisikia mchanga wake unavyoteleza vidoleni, mumewe yuko kazini, jua limesimama utosini na kuku wote wamejificha kivulini. Akasikia mtoto akianza kulia, kile kilio cha kuamka, na kabla hajakung'uta mkono akasikia mtu akimbembeleza. "Shhh. Shhh." Halafu wimbo usio na maneno, wa puani, unaopanda na kushuka pale pale.

"Mama, asante," aliita. "Mwache alale tena, usimtoe."

"Shhh," ikajibu sauti ya chumbani.

Akaendelea kukoroga. Akasikia kitanda kikilia, mtu anakaa. Akasikia kile kimlio cha mtoto anayenyonya kwa pupa, akatabasamu, bibi kampa chupa, na alikuwa bado anatabasamu lango la mbele lilipogonga na mama mkwe akaingia uani na kapu la mboga kichwani, jasho linamtiririka, anasema, "Jua hili litatuua, hebu nipe maji," na Mama Kibogoyo akalitazama kapu, akamtazama uso, akatazama mlango wa chumba ambako wimbo ule wa puani ulikuwa bado unaendelea, bila haraka, kama wa mtu aliyeko kwake, na miguu yake ikakimbia kabla ya akili, akipiga ndoo teke, uji wa kioo ukimwagika mpaka mlangoni, mama mkwe nyuma yake akiuliza nini, nini, na harufu ikawapokea kizingitini, harufu ya jivu lililomwagiwa maji na ya maziwa yaliyoungulia, nzito, yenye joto, harufu ya kifua cha mtu.

Chumbani hapakuwa na mtu. Kibogoyo alikuwa amelala chali katikati ya kitanda, macho wazi, ameridhika, anacheua. Midomo yake ilikuwa ya kijivu. Na pembeni yake, juu ya shuka, palikuwa na shimo la mtu mzima aliyelala ubavu, na shimo hilo lilikuwa linajaa polepole, kama godoro likiachwa na aliyelilalia.

Tangu saa hiyo Kibogoyo alikataa ziwa. Hakukataa kwa fujo. Aligeuza uso kwa adabu, kama mgeni aliyeshiba. Mama alimkamulia mdomoni, akatema. Chupa, akatema. Hakulia. Hakuwa na homa. Alinenepa, hilo ndilo lililotisha, alinenepa na akawa mzito, ngozi ina joto la tofali la tanuri, na maziwa ya mama yake yakajaa yakagangamaa, yakamuuma mpaka kwapani, akawa anayakamulia kwenye karai huku akilia kwa uchungu.

"Labda jino linaota," alisema fundi makufuli.

"Baba Kibogoyo, ukisema tena jino nitakupiga na kitu."

"Sasa niseme nini?"

"Sema unaogopa!"

Alizungusha funguo. "Naogopa," akasema. "Niliogopa tangu mtungi." Akatoka kwenda kumleta Bibi Miwani.

Bibi Miwani alikuwa mwanamke wa makamo, miwani yake imefungwa uzi mkono mmoja, anayejulikana mitaa kadhaa kwa kuvitoa vilivyoingia bila hodi. Alifika amenuna. "Mmenitoa kwenye foleni ya maji," alisema kabla ya salamu. Akaketi bandani kwenye kiti cha plastiki, akachukua kikombe kimoja, akakigonga kwa ukucha, akakiweka sikioni. Akakaa hivyo muda mrefu.

"Huyu analia," alisema.

"Nani, Bibi? Mtoto wangu halii, ndiyo shida yenyewe..."

"Sijasema wako."

Rafuni, *ting*.

"Jivu ulitoa wapi?"

Akamwambia.

"Ulipiga hodi?"

"Kwenye jiko tupu?"

"Binti, hakuna jiko tupu. Kuna jiko lililohamwa na watu. Maji ulitia ya baridi au ya moto?"

Mama Kibogoyo alitazama chini.

"Na ulisema nini wakati unamwaga?"

Akakumbuka. Maneno yalimtoka moja moja, na alipoyamaliza mama mkwe aliziba mdomo kwa mikono miwili. Bibi Miwani alivua miwani, akaifuta kwenye nguo yake, akaivaa tena, na kununa kote kukamwishia.

"Jiko lile lina mama na mwanawe. Umemuunguza wake, halafu ukampa wako," alisema kwa upole. "Kwa upande wake yeye, mmeelewana vizuri kabisa. Hajaiba kitu. Ulimwita akusaidie, anakusaidia."

"Nimemuua?"

"Hao ni wa moto, moto hauwaui. Umemchekecha, umemkoroga, umemgawa kwenye vyombo. Yumo humu vipande vipande, anatafuta njia ya kutoka. Mama yake anasikia sauti kila upande, hajui akimbilie ipi. Ndiyo maana ametulia na huyu aliye mzima."

Mama Kibogoyo alianza kulia, na alishangaa kuona kwamba kwa sehemu anamlilia yule mwingine.

"Kila kilichoguswa na uji ule," alisema Bibi Miwani, "kivunjwe, kisagwe kiwe unga, kirudi kilikotoka. Na radhi uombe kwa mdomo wako, adhuhuri ile ile. Ila sikiliza: kila kitu. Kikibaki hata kama punje ya mchele, atakifuata kilipo."

Mama Kibogoyo akaenda mgahawani mbio, kanda mbili moja imekatika. Mwenye mgahawa akaweka mikono kichwani. "Mabakuli yangu? Wateja wanapanga foleni kuweka viganja vyao pale!" Ila mpishi alichungulia dirishani akamkatiza: "Mpe, bosi, mpe leo hii. Supu ikiingia mle inatoka na ladha ya jivu, na usiku nikiyaosha yanashika vidole." Mwenye mgahawa akamtazama mpishi, akatazama mabakuli, akaondoka mwenyewe kwenda kuyakusanya, hata lile lililokuwa na mtu bado anakula.

Wakavunja vyote. Kazi ya miezi, kijani chake kile. Kila chombo kilipopasuka kilitoa sauti, siyo *ting* tena bali pumzi, kama mtoto aliyelia mpaka kwikwi. Fundi makufuli alitwanga, mama mkwe alichekecha, palipomwagika uji pakasuguliwa na maji yakahifadhiwa, hata vipande vya mtungi uliovunjwa ukutani vikaokotwa kimoja kimoja kwenye nyasi. Vidole vyote vya familia vilikuwa vimechanika. Adhuhuri Mama Kibogoyo alipenya ule ufa, mtoto mgongoni, ndoo mkononi. Mbele ya kimlango cha kutu aligonga. Alijiona mjinga, akagonga tena.

"Hodi," alisema. "Mama mwenzangu. Sikujua kama kuna mtu. Nilikuwa nimechoka, nikasema maneno ya kuchoka. Nimekuletea wako. Naomba unirudishie wangu."

Akamimina. Unga wa kijani ulilala juu ya jivu jeupe, ukatulia. Kisha jivu likaanza kuzama bila upepo, likachora umbo la mtu amelala ubavu, magoti yamekunjwa, na mbele ya kifua chake shimo lingine, dogo. Harufu ya maziwa yaliyoungulia ikampita usoni, ya moto, ikakata.

Mgongoni, Kibogoyo akalipuka kilio. Kilio kibaya, cha msumeno, cha kukata masikio, na mama yake hajawahi kusikia muziki mtamu kama ule. Alikaa pale pale juu ya matofali, akamvuta mbele, na mtoto akalidaka ziwa kama mtu aliyekuwa safarini.

Nyumba ikapumua. Jikoni wakaweka jiko dogo la kuni, fundi makufuli akaacha mluzi, na mwenye mgahawa akakubali kungoja vyombo vipya vya jivu halali. Hata utani ulirudi. "Ukichoka," mumewe alikuwa anamwambia, "sema umechoka. Usiombe msaidizi."

Kisha asubuhi moja walikuwa uani, mama mkwe anamlisha Kibogoyo uji wa kijiko, mama anafinyanga, baba anasaga ufunguo. Mtoto alipanua mdomo, kijiko kikaingia, na uani pote pakasikika:

*Ting.*

Msasa wa ufunguo ukasimama.

"Jino!" alisema mama mkwe, lakini furaha ilimwishia katikati ya neno. Alikuwa amemfunua mtoto mdomo. Mama Kibogoyo alisogea, mikono imejaa udongo, akatazama. Kwenye ufizi wa chini, jino la kwanza lilikuwa limechomoza, dogo kama punje ya mchele, linang'aa juani. Kijani cha embe bichi.

Aligeuka polepole kutazama kitanda cha mtoto kupitia dirishani. Pete ya kujaribia uji ilikuwa bado inaning'inia kwenye kamba yake, pale pale alipoizoea hata macho yakaacha kuiona. Siyo bakuli, siyo kikombe, siyo mtungi. Hakuna aliyeihesabu kuwa chombo. Na ukingoni ilikuwa imemeguka kidogo.

Upande wa pili wa ukuta, kimlango cha chuma chenye kutu kilifunguka kwa mlio mrefu, kama kinachovutwa na mtu asiye na haraka. Kibogoyo akageuza uso kule, akacheka. Mama yake akamnyakua.

"Nipe nimshike, mwanangu," mama mkwe alinong'ona, akinyoosha mikono. "Unatetemeka, utamwangusha. Nipe nikusaidie."

Mama Kibogoyo alimkumbatia mtoto kwa mikono yake yenye udongo, akambana kifuani, akarudi nyuma mpaka mgongo ukagusa ukuta wa nyumba. Harufu ya jivu la maji ilikuwa imekwisha ingia uani.

"Hapana," alisema, siyo kwa mama mkwe, na kwa sauti kubwa, ili asikie kila anayesikia. "Simpi mtu. Sijachoka. Sijachoka hata kidogo."